Shairi la Mji na Jicho la Kamera: Kutoka Manhatta hadi Dadaab

Mnamo Machi 2019 ilitolewa filamu fupi iitwayo Brave Girl Rising. Mandhari yake ni Dadaab, katika Kaunti ya Garissa. Wanaoonekana ndani yake ni wakazi wa huko wenyewe. Na maneno yake yalitungwa na Warsan Shire, malenga wa asili ya Kisomali aliyezaliwa Kenya mwaka 1988 na kulelewa London. Filamu hiyo si ndefu, wala haikupata umaarufu wa sinema za kibiashara. Hata hivyo, inazua swali lenye umri mkubwa kuliko wake: shairi linalohusu mji linapogeuzwa kuwa sinema, ni kipi hubaki cha shairi na ni kipi humezwa na picha? Makala haya yanakusudia kulichunguza swali hilo kihistoria, kwa kuanzia na filamu ya kale inayotajwa mno katika uwanja huu, na kisha kwa kujikita katika Kaskazini-Mashariki ya Kenya, ambako picha na shairi vimekuwa na historia mbili zisizofanana na mara nyingine zenye uhasama. Inadaiwa hapa kwamba katika eneo hilo suala kuu la ugeuzaji wa aina hii si uaminifu wa picha kwa maneno, kama ilivyozoeleka kusemwa, bali ni suala la sauti: nani anasikika, kwa lugha gani, na nani aliye katika umbali wa kusikia.

Huenda msomaji akastaajabu kuona Dadaab ikihesabiwa miongoni mwa miji. Kambi za Ifo, Dagahaley na Hagadera zilianzishwa kuanzia mwaka 1991 ili kuwapokea waliokimbia vita nchini Somalia, na zilikusudiwa watu 90,000. Kufikia mwaka 2011, baada ya ukame na njaa, idadi ya waliokuwa wakiishi humo ilipita 450,000, na waandishi wa habari wakazoea kupaita mahali hapo mji wa tatu kwa ukubwa nchini Kenya. Palikuwa na masoko, shule, misikiti, vibanda vya simu na vya video, na watoto waliozaliwa hapo wakakua, wakaoa na kuolewa, wakapata watoto wao. Lakini katika nyaraka za serikali pakabaki kambi. Tofauti ya maneno haya mawili si ya kimsamiati tu. Kambi huvunjwa, mji hauvunjwi kwa tangazo. Mei 2016 serikali ilitangaza kuwa ingeifunga Dadaab. Februari 2017 Mahakama Kuu ilitoa uamuzi kwamba tangazo hilo lilikwenda kinyume cha Katiba. Kambi ya Kambioos ilifungwa mwaka huo huo wa 2017, na Ifo 2 mwaka uliofuata. Mtunzi anayeitungia Dadaab shairi la mji, kwa hiyo, ameshachukua upande katika mabishano ya kisheria hata kabla hajaandika mshororo wa kwanza.

Tuzo ya kutangulia katika kugeuza shairi la mji kuwa sinema ya majaribio kwa kawaida hupewa Manhatta, filamu ya dakika zipatazo kumi iliyotengenezwa na mchoraji Charles Sheeler na mpigapicha Paul Strand, na kuonyeshwa jijini New York mwaka 1921. Haina mhusika wala kisa. Inaanza kwa feri inayokaribia ufuoni asubuhi na inakwisha kwa jua linalotua juu ya mto, na katikati yake mna majengo marefu, moshi, meli, reli na vivuli. Kati ya picha na picha yamewekwa maandishi yaliyotolewa katika mashairi ya Walt Whitman, na jina la filamu lenyewe limetokana na shairi lake liitwalo Mannahatta, lililotoka mwaka 1860. Wanahistoria wa sinema wameisifu Manhatta kwa ujasiri wa mitazamo yake, na sifa hiyo ni haki yake.

Hata hivyo, anayeisoma filamu hiyo sambamba na shairi anakuta jambo la kutia shaka. Shairi la Whitman ni shairi la watu. Linaanza kwa kulitetea jina la kale la kisiwa, jina la wenyeji waliokuwapo kabla ya Wazungu, kisha linawahesabu kwa fahari mafundi, wachukuzi, mabaharia, na wahamiaji wanaoshuka melini kwa maelfu kila wiki. Katika filamu wahamiaji hao hawamo. Wanaoshuka katika feri ni wafanyakazi wanaokwenda kazini, na punde kamera inapanda juu ya mapaa, ambako binadamu anakuwa kama chungu anayetambaa katika ufa wa ukuta. Maneno ya Whitman yamebakia kama vibandiko: yanataja umati wakati picha inaonyesha saruji. Si kwamba Sheeler na Strand walikosea; walikuwa wakitafuta umbo, na umbo walilipata. Ila tangu siku hiyo mtazamo wa juu ukawa kama kanuni ya filamu za miji, na shairi likawa mgeni anayeruhusiwa kusema pale picha inapopumzika.

Kanuni hiyo haikutokana na ushairi. Hilo ladhihirika mtu akiurejea ushairi wa pwani inayopakana na Garissa. Kusini-mashariki mwa kaunti hiyo, baada ya Ijara, kuna Lamu na visiwa vyake, na katika mwanzo wa karne ya 19 ndiko Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir alikotunga Al-Inkishafi, utenzi ambao sehemu yake kubwa ni maombolezo ya mji wa Pate. Mshairi yule haupandi mnara ili autazame mji. Anaingia ndani ya nyumba. Anapita ukumbini, anatazama vidaka vilivyokuwa na vyombo vya thamani, anakuta ndege wameweka makinda humo. Anasikiliza mahali palipokuwa na mazungumzo na kusikia wadudu. Mji kwake ni mfuatano wa vyumba na sauti zilizonyamaza. Ukitaka kuuita mwendo huo kwa istilahi za sinema, utasema kamera yake iko usawa wa macho ya mtu anayetembea, na kwamba sikio lake liko kazini kama jicho. Aidha, mji ule unatungiwa shairi kwa sababu umetoweka au unatoweka. Hoja hii itarejea inapozungumzwa Dadaab.

Kwa upande wa bara, ushairi wa Kisomali una nadharia yake ya sauti iliyo kali kuliko hata arudhi ya Kiswahili. Katika Kiswahili kina huangukia mwisho wa kipande cha mshororo. Katika Kisomali kina huwa mwanzoni mwa neno: mtunzi wa gabay huchagua konsonanti moja, au irabu, na kila nusu ya mshororo lazima iwe na neno linaloanza na sauti hiyo, kuanzia mwanzo wa shairi hadi mwisho, hata likiwa na mishororo mia. Juu ya hayo kuna mizani ya urefu wa irabu, ambayo kanuni zake zilibainishwa katika maandishi ya miaka ya 1970 na Maxamed Xaashi Dhamac, ajulikanaye kama Gaarriye, na Cabdillaahi Diiriye Guuleed. Wanawake wana utanzu wao, buraanbur, unaoimbwa na kuchezwa katika harusi na mikusanyiko mingine, nao pia hufuata kina cha mwanzo wa neno. Mashairi haya hayakungoja maandishi. Kisomali kilipata hati rasmi mwaka 1972 tu, lakini tangu katikati ya karne ya 20 ushairi ulikuwa umeshaingia redioni, na baadaye kaseti zikaupeleka popote penye Wasomali. Shairi lililotungwa Hargeisa lingeweza kusikilizwa Garissa, na likajibiwa. Neno hili la kujibiwa lina uzito.

Picha, kwa upande wake, ilifika Kaskazini-Mashariki kwa njia nyingine. Mwaka 1926 serikali ya kikoloni ilipitisha sheria iliyoifanya Wilaya ya Mpakani ya Kaskazini kuwa eneo lililofungwa: hakuna aliyeingia au kutoka bila kibali. Sheria nyingine ya 1934 ikaongeza mamlaka ya wakuu wa wilaya juu ya watu na malisho. Baada ya uhuru hali haikulegea. Desemba 1963 hali ya hatari ilitangazwa katika mkoa huo, vikaja vita vilivyoitwa vya Shifta, na kuelekea mwisho wa vita hivyo wafugaji wengi walilazimishwa kuishi katika vijiji vilivyolindwa na askari. Baadhi ya makazi ya kudumu ya mkoa huo yalikuzwa na amri ya aina hiyo kuliko na biashara. Mwaka 1970 Bunge lilipitisha sheria iliyozuia kesi dhidi ya maafisa wa usalama kuhusu matendo ya miaka ya vita hivyo. Novemba 1980 mtaa wa Bulla Kartasi mjini Garissa uliteketezwa na vikosi vya usalama, na wakazi wakazuiliwa katika uwanja wa shule ya msingi. Februari 1984 yakatokea mauaji ya Wagalla, karibu na mji wa Wajir, katika uwanja wa ndege. Kuanzia mwaka 1989 Wakenya wa asili ya Kisomali, na wao peke yao, walitakiwa kupita mbele ya maafisa, wathibitishe uraia wao na kupewa kadi maalumu.

Katika historia ya namna hii, kutazamwa ni kukaguliwa. Mtu hupangwa foleni, huangaliwa uso, huulizwa ukoo, huandikwa nambari. Kambini hali iliendelea kwa kadi ya chakula na alama za vidole. Mkazi wa Garissa au wa Ifo ana sababu ya kutomwona mpigapicha kama msanii asiye na dhamana. Kwa ajili hiyo si ajabu kwamba filamu za Wakenya zilizolishughulikia eneo hili kwa uzito zilichukua kwanza umbo la ushahidi. Scarred: The Anatomy of a Massacre (2015) ya Judy Kibinge inawaweka mbele ya kamera walionusurika Wagalla na kuwaachia wazungumze. Ni filamu ya waraka isiyo na mbwembwe, na ugumu wake ndio nguvu yake: jicho lililokuwa la mkaguzi linageuzwa kuwa la shahidi.

Mwaka uo huo, tarehe 2 Aprili 2015, watu 148 waliuawa katika Chuo Kikuu cha Garissa, wengi wao wanafunzi. Katika siku zilizofuata Wakenya walisambaza majina na picha za waliouawa, wakisisitiza kwamba hao hawakuwa nambari. Picha za kawaida kabisa, nyingi zilizopigwa kwa simu, zikafanya kazi ambayo kwa karne nzima picha haikuwahi kuifanya katika mji ule. Ila kulikuwa na tokeo la pili. Katika mwezi ule ule serikali ililitaka shirika la Umoja wa Mataifa la wakimbizi liihamishe Dadaab katika muda wa miezi mitatu. Maombolezo ya mji mmoja yakatumiwa kama hoja ya kuufuta mji mwingine ulio kiasi cha kilomita 100 kutoka hapo.

Kamera za nje zilipofika Dadaab katika miaka hiyo, ziliifuata kanuni ya Manhatta karibu bila kujua. Mfano ulio wazi ni Human Flow (2017) ya msanii wa Kichina Ai Weiwei, iliyopigwa katika nchi 23. Filamu hii inatumia ushairi waziwazi: maneno ya washairi, akiwamo Nazim Hikmet wa Uturuki na Mahmoud Darwish wa Palestina, yanaandikwa juu ya picha. Inatumia pia ndege zisizo na rubani, na Dadaab inaonekana kutoka angani kama jedwali lililochorwa juu ya mchanga. Nia ya mwongozaji ni njema na picha zake ni nzuri mno. Pengine uzuri huo ndio tatizo. Kutoka juu, kambi inaonekana kama ilivyo katika ramani ya ofisi inayoisimamia: mistari na vizuizi. Nao washairi wanaonukuliwa ni wakubwa, lakini hakuna anayesema kwa Kisomali juu ya mchanga ule. Ushairi umekodishwa kutoka kwingine katika nchi ambayo kila mkeka una mshairi wake.

Hapa ndipo Warsan Shire anapoingia, na ni vizuri kufafanua jinsi alivyofika. Alipelekwa Uingereza akiwa mtoto mchanga. Kijitabu chake cha kwanza, Teaching My Mother How to Give Birth, kilitoka mwaka 2011, na mwaka 2013 aliteuliwa kuwa malenga kijana wa jiji la London. Shairi lake linalojulikana kuliko yote kuhusu ukimbizi lilitokana na ziara aliyoifanya mwaka 2009 katika jengo la uliokuwa ubalozi wa Somalia mjini Roma, ambamo vijana wakimbizi walikuwa wakiishi katika hali duni. Tangu hapo mji katika tungo zake huonekana kupitia mwili wa mwanamke: mama, binti, shangazi, aliyebeba mtaa mzima kifuani mwake baada ya mtaa wenyewe kubomolewa. Mtu akitaka mlinganisho wa Kiswahili, ni Al-Inkishafi iliyopinduliwa: badala ya mshairi kuingia katika nyumba tupu, nyumba tupu ndiyo imeingia ndani ya mshairi.

Mwaka 2016 mashairi yake yalipata umbo la sinema kwa njia ambayo wachache waliitazamia. Mwimbaji wa Marekani Beyoncé alitoa Lemonade, filamu ya nyimbo iliyogawanywa katika sura zenye majina ya hali za moyo, na Shire akatajwa rasmi kuwa mwenye ushairi na ugeuzaji wake kwa ajili ya filamu. Mashairi yaliyokwisha kuchapishwa yalikatwa, yakapangwa upya, mengine yakabadilishwa maneno, yakasomwa na Beyoncé mwenyewe kati ya wimbo na wimbo, juu ya picha za Louisiana. Wapo waliolalamika kwamba shairi lilikatwakatwa. Lalamiko hilo halina msingi mkubwa. Tofauti na maandishi ya Manhatta, maneno ya Shire katika Lemonade si kibandiko. Sauti yake inatangulia na picha inaifuata, na pale wimbo unapoanza msikilizaji ameshaandaliwa. Filamu ile ilithibitisha kwamba shairi laweza kuwa uti wa mgongo wa sinema ya majaribio inayotazamwa na mamilioni. Lakini Somalia haimo ndani yake, wala Garissa. Maneno yaliyozaliwa na vita vya Mogadishu na uhamisho wa London yamevishwa mandhari ya Marekani Weusi, na yamekaa vizuri. Msomaji wa Afrika Mashariki ana haki ya kufurahi, na ana haki pia ya kuuliza ni nini kilichowezesha kubadilishana huko kwa urahisi namna ile.

Brave Girl Rising inaonekana kama jibu. Ilitengenezwa na Girl Rising, shirika la Marekani linalopigania elimu ya wasichana, na inasimulia habari za msichana wa miaka 17 aliyempoteza mama yake na anayeendelea kusoma kambini, akijitia nguvu kwa ndoto, kwa marafiki, na kwa udada wao. Kwa kipimo kikali si sinema ya majaribio. Ni mchanganyiko wa waraka, igizo na shairi, na ina lengo la kampeni. Lakini mchanganyiko huo wenyewe ni jaribio, na unastahili kuhakikiwa kwa makini kuliko nakala nyingi za Manhatta zinazojiita za majaribio kwa sababu tu hazina kisa.

Jambo la kwanza ambalo filamu hiyo inalifanya ni kuishusha kamera. Dadaab yake ina jina la mtu, ina urafiki, ina njia ya kwenda shule. Mji haupimwi kwa idadi ya mahema bali kwa umbali ambao msichana anautembea. Katika hili Shire, ajue asijue, amerudi kwenye mwendo wa utenzi wa Pate. La pili ni kwamba waliomo ni wakazi. Katika mahali ambapo uso umekuwa kitu cha kukaguliwa, uamuzi wa kumwacha mkazi aigize, yaani ajifanye, ajibuni, ni mkubwa kuliko unavyoonekana: mbele ya afisa wa usajili hakuna ruhusa ya kujibuni.

Kasoro yake iko katika sauti. Maneno ya Shire yanasomwa na Tessa Thompson, mwigizaji wa Marekani, kwa Kiingereza. Anasoma vizuri, na hakuna sababu ya kumlaumu yeye. Lakini matokeo ni kwamba wanaoonekana hawalisemi shairi, na anayelisema haonekani. Mtu atapinga: je, kaseti ya gabay nayo si sauti bila uso? Ni kweli, na kwa hiyo tatizo haliwezi kuwa utengano wa sauti na mwili peke yake. Tatizo ni kwamba sauti ya kaseti ilikuwa katika mazungumzo. Mwishoni mwa miaka ya 1970 na mwanzoni mwa miaka ya 1980 silsila ya mashairi iitwayo Deelley, iliyoanzishwa na Gaarriye, ilizunguka kwa kaseti. Washairi kwa makumi walijibizana ndani yake juu ya ukabila na utawala wa Siad Barre, wote kwa kina kimoja cha d, herufi inayoitwa deel. Sauti ilikuwa inakuja bila uso, lakini kila aliyeisikia aliweza kurekodi yake na kuirudisha. Msichana wa Ifo hawezi kumjibu Tessa Thompson. Shairi limesemwa juu yake, kwa ufundi na kwa upendo, kuelekea ukumbi ulioko ng'ambo.

Kuna watakaosema kwamba Shire hutunga kwa Kiingereza na hakupaswa kutunga kwa lugha nyingine. Hilo ni sahihi, na halihusiani na hoja. Shairi lililoandikwa kwa Kiingereza laweza kusikika kwa Kisomali katika filamu, kama vile Whitman alivyoweza kuandikwa juu ya kioo bila kusomwa na Whitman. Ni uamuzi wa watengenezaji, si wa mtunzi, na uamuzi huo ulifuata soko la kampeni. Tena kambini palikuwa na watazamaji waliozoea sinema: tangu muongo wa 2000 shirika la FilmAid lilikuwa likionyesha filamu hadharani katika Dadaab na kuwafunza vijana kazi ya kamera. Vijana hao walikuwa mji wenye wasanii wake, si mandhari inayongoja sauti.

Kwa mlinganisho wa ndani ya Kenya, inafaa kuitaja Nairobi Berries (2017) ya Ng'endo Mukii, ingawa kwa kifupi. Ni kazi ya uhalisia pepe, inayotazamwa na mtu mmoja mmoja kwa miwani maalumu, na ni shairi juu ya Nairobi, mji unaopendeza na unaowala wakazi wake kwa wakati mmoja. Hapa shairi na picha vimetoka kwa msanii yule yule na vimekua pamoja, hivyo suala la kipi kimemeza kipi halizuki kabisa. Lakini miwani hiyo ina upungufu wake: inamfungia mtazamaji peke yake, ilhali ushairi wa eneo linalozungumzwa hapa hutaka hadhira iliyokaa pamoja, yenye kuitikia, kupinga na kukosoa kina kinapovunjika.

Linalobaki basi ni suala la ufundi, nalo ni gumu na lenye kuvutia. Kama tungo juu ya Dadaab zingegeuzwa kuwa filamu kwa kufuata arudhi ya Kisomali, mhariri wa filamu asingeweza kukata picha popote apendapo. Mshororo wa gabay una pumziko katikati; kila upande wa pumziko hilo una neno lenye kina. Picha ingepaswa kubadilika penye pumziko, au kukataa kubadilika kwa makusudi, na mtazamaji anayejua gabay angelisikia kosa kabla ya kuliona. Buraanbur ingeleta shida nyingine, kwa kuwa inakwenda na makofi, ngoma na miili ya wanawake wanaocheza. Kamera ingelazimika kuwamo katika duara, si nje yake. Na kabla ya yote mtunzi angechagua kina. Katika ramani na katika hati za serikali mahali hapo pameandikwa Dadaab, jambo ambalo lingemwelekeza mtu kwenye deel, kina kile cha silsila ya Gaarriye. Wenyeji huandika Dhadhaab. Katika Kisomali d na dh ni konsonanti mbili tofauti kabisa, na haziruhusiwi kupokezana katika shairi moja. Dh yao husemwa kwa kuikunja ncha ya ulimi kuelekea kaakaani, sauti ambayo haiko katika Kiswahili wala haikuingia katika hati za makarani. Shairi la mji huo lingeanza, basi, kwa kulirudisha jina lake, kama Whitman alivyolirudisha la kisiwa chake, na kutoka hapo lingepata akiba ya maneno yake: dhul, yaani ardhi, dhib, yaani taabu, dhalasho, yaani kuzaliwa, na dhaan, yaani safari ya kufuata maji.